Kipa wa akiba ndo kaja kuwa kocha: niliyookota kwa Cherchesov

Watu wengi ukiwatajia Stanislav Cherchesov wanakumbuka masharubu tu, yule kocha wa Urusi kwenye Kombe la Dunia 2018, amesimama pembeni kanuna, mikono mfukoni, timu ikifunga hacheki na ikifungwa hapigi kelele. Mimi namkumbuka kwa kitu kingine kabisa. Namkumbuka kama kipa, tena kipa aliyekaa benchi miaka mingi, na nadhani ukitaka kuelewa aliyoyafanya na hata aliyoyaharibu kama kocha lazima uanzie hapo kwenye benchi.

Nijieleze kidogo ili mjue naongelea nini. Mimi nimedaka tangu shule ya msingi, na karibu maisha yangu yote nimekua kipa namba mbili. Sekondari namba mbili, mtaani namba mbili, nikaenda Moscow kusoma pale chuo kikuu cha RUDN (wazee wanaijua kwa jina la Patrice Lumumba, na sasa hivi wamelirudisha hilo jina) na kule nako kwenye timu yetu ya wanafunzi nikawa namba mbili, mbele yangu kuna jamaa wa Ghana mikono mirefu hatari. Sasa hivi nimerudi Tanzania, kazi yangu ya mchana haihusiani na mpira hata kidogo, ila jioni nafundisha makipa wa timu moja ya vijana, bure bure tu, nauli mara nyingine natoa mwenyewe. Kwahiyo haya sio ya mtaalamu, ni ya mtu aliyekaa sana benchi akawa na muda mwingi wa kutazama.

Kitu cha kwanza kilichonishangaza Urusi ni heshima wanayompa kipa. Huku kwetu tunajua, kipa ni yule mtoto mnene au yule asiyejua kupiga chenga, mnamwambia wewe kaa golini. Kule ni tofauti kabisa. Lev Yashin wa Dynamo Moscow ndo kipa pekee mpaka leo aliyewahi kuchukua Ballon d'Or, ile tuzo ya mchezaji bora, mwaka 1963, na ilipofika 2018 bango rasmi la Kombe la Dunia hawakumchora straika, walimchora Yashin anaruka na kofia yake kichwani. Pale uwanja wa Luzhniki, Moscow, ana sanamu. Yani mtoto wa Kirusi akisema anataka kuwa kipa, baba yake hasikitiki.

Sasa mwaka huohuo 1963, mwezi wa tisa, ndo Cherchesov anazaliwa, mji mdogo unaitwa Alagir, Ossetia Kaskazini, huko milimani Kaukasi mbali kabisa na Moscow. Kaanzia mpira Spartak ya Ordzhonikidze, huo mji sasa hivi ndo Vladikavkaz, akaonekana, na 1984 akachukuliwa Spartak Moscow ya kocha Konstantin Beskov. Kijana wa miaka 21 hivi anaingia klabu kubwa, raha iliyoje, shida ni moja tu: golini yupo Rinat Dasaev. Kwa wadogo zangu msiomjua, Dasaev miaka ya themanini ukitaja makipa bora duniani huwezi kumruka, alidaka Kombe la Dunia 1982, 1986, akadaka fainali ya Euro 1988, ndo yule aliyefungwa na Van Basten lile goli la ajabu la pembeni ambalo hakuna kipa angelizuia. Halafu haumii hovyo, hana mechi za kupumzika. Wewe ni msaidizi wake, utadaka lini?

Hapa nataka mtu ambaye hajawahi kuwa kipa anielewe. Winga wa akiba anaingia dakika ya 70, kiungo wa akiba anaingia hata dakika tano, beki wa kulia akiumia wa kushoto anasogezwa. Kipa wa akiba haingii. Unafanya mazoezi yote, unaruka kwenye matope yote, unapasha mwili siku ya mechi, unampigia mashuti mwenzako ili apashe yeye, halafu unavaa bibu unakaa. Wiki ijayo tena. Na mbaya zaidi huwezi kuomba mwenzako aharibu, kwasababu akiharibu timu yenu ndo inafungwa, ila kuna kasehemu kadogo rohoni kanaomba, na ukijigundua unaona aibu. Cherchesov alikaa hivo miaka, 1987 Spartak wakabeba ubingwa wa Sovieti yeye yupo kikosini ila golini ni Dasaev. 1988 akaomba njia, akaenda Lokomotiv Moscow akadake, akadaka msimu mzima. Mwisho wa mwaka huo Dasaev akauzwa Sevilla, Cherchesov akarudi Spartak, 1989 akiwa namba moja chini ya kocha mpya Oleg Romantsev wakachukua ubingwa na yeye akachaguliwa kipa bora wa Sovieti.

Mi nimelitafakari sana hilo la Lokomotiv. Kijana wangu mmoja wa akiba alikuja akaniambia "Mwalimu, mi naona niache tu, sidaki mimi." Nikamwambia usiache, hama kwa muda, kuna timu ya mtaa wa pili haina kipa kabisa, nenda kadake hata kama wanafungwa nne kila wiki. Viongozi wetu walinijia juu, eti natoa wachezaji bure. Jamani kipa haivi kwa mazoezi, anaiva kwa kufungwa kwenye mechi za kweli mbele ya watu wanaomzomea, na hiyo kitu benchi haiwezi kukupa. Benchi linakupa kingine, linakupa macho. Dogo alienda, akarudi mtu mwingine.

Turudi kwa mzee. Kabla Sovieti haijavunjika alipata usiku wake. Kombe la Mabingwa Ulaya 1990/91, Spartak wamepangiwa Napoli ya Maradona, Naples 0-0, Moscow kwenye theluji ya Novemba 0-0 tena, Maradona anatokea benchi, mechi ikaenda matuta na Spartak wakapita, Maradona yeye alifunga lake ila mwenzake Baroni akagonga mwamba. Raundi iliyofata wakaenda kwa Real Madrid palepale Bernabéu wakawapiga 3-1. Walikuja kutolewa nusu fainali na Marseille. Golini muda wote ni Cherchesov. Wakati ule wachezaji wa kule hela yao ilikua haieleweki, nchi inayumba, lakini timu ilikua inacheza.

Baada ya hapo akahamia Ujerumani, Dynamo Dresden, 1993, na hiyo ndo hadithi ya kusikitisha maana klabu ilikua imezama kwenye madeni, 1995 ikashuka daraja na leseni ikanyimwa juu yake. Akaenda Austria, Tirol Innsbruck, huko akakaa muda mrefu akawa mtu wa pale kabisa, Kijerumani anaongea, makombe matatu ya ligi mfululizo 2000, 2001, 2002, la mwisho kocha akiwa Joachim Löw, huyohuyo aliyekuja kuipa Ujerumani Kombe la Dunia 2014. Na unajua kilichotokea baada ya ubingwa wa tatu? Klabu ikafilisika. Kwahiyo mtu huyu ameona klabu mbili zinakufa akiwa golini. Akarudi Spartak kumalizia, na mwaka huohuo 2002 akiwa na miaka 38 akaenda Kombe la Dunia Korea na Japani, akakaa benchi, hakudaka hata dakika.

Kuna mechi mbili za timu ya taifa lazima niziseme.

Ya kwanza 1994 Marekani. Urusi wamefungwa na Brazil na Sweden, kipa alikua Dmitri Kharine, mechi ya tatu kocha akampa Cherchesov, wapinzani Cameroon. Watu wa umri wangu wa Afrika tunaijua ile mechi kwa machungu, 6-1, Oleg Salenko peke yake goli tano. Ila hiyo moja yetu alifunga Roger Milla akiwa na miaka 42, mchezaji mzee kuliko wote kufunga Kombe la Dunia, na rekodi ipo mpaka leo. Sasa kipa aliyefungwa lile goli ni nani? Ndo yeye. Amekaa benchi mechi mbili, kapewa ya tatu, timu yake imeshinda sita, na picha yake inayozunguka dunia nzima ni ya kufungwa na babu. Kazi ya kipa hiyo.

Ya pili Euro 1996 Uingereza, uwanja wa Anfield, Urusi na Italia. Dakika ya tano tu Cherchesov anapiga mpira wa kuokoa unatoka vibaya, unamkuta Mtaliano, Di Livio, anamwekea Casiraghi, goli. Wakafungwa 2-1. Mechi iliyofuata na Ujerumani Romantsev, sasa akiwa kocha wa timu ya taifa, akamtoa, akaweka Kharine. Wakapigwa tatu. Mechi ya tatu akamrudisha, sare ya 3-3 na Wacheki, wakaaga. Shikilieni hili la kutolewa baada ya kosa moja, nitalirudia.

Ukocha alianzia chini, na hili napenda sana. Sio wale wanaostaafu leo kesho wapo Ligi Kuu kwa jina. 2004 alianza na Kufstein, timu ya mji mdogo Austria ligi za chini huko, kisha Wacker Tirol. 2006 akarudi Spartak kama mkurugenzi wa michezo, 2007 akapewa timu, wakamaliza wa pili. Afu 2008 ikaharibika yote. Aligombana na Yegor Titov, nahodha, mtu anayependwa na mashabiki wa Spartak kuliko hata rais wa klabu, akamtoa kikosi cha kwanza. Julai wakapigwa 5-1 na CSKA, Agosti wakapigwa 4-1 nyumbani na Dynamo Kyiv mchujo wa Ligi ya Mabingwa, akafukuzwa. Nilipofika Moscow miaka baadaye bado kuna mashabiki wa Spartak ukitaja jina lake wanatema mate chini, sitanii, mzee mmoja aliyekua anatusimamia kwenye mazoezi ya ndani wakati wa baridi alikua Spartak damu na alikua hataki kabisa kulisikia.

Akapita Zhemchuzhina ya Sochi, Terek ya Grozny, Amkar ya Perm, Dynamo Moscow. Dynamo huko akagombana na Igor Denisov, kiungo mwingine mwenye jina. Halafu Oktoba 2015 akaenda Poland, Legia Warsaw, akaikuta ligi imeshaanza, na 2016 mwaka ambao Legia wanatimiza miaka 100 akawapa ligi na kombe kwa pamoja. Hapo ndo Warusi wakaanza kusema ee, kumbe. Agosti 2016 akapewa timu ya taifa.

Sasa jamani. Urusi ile ilikua mbovu. Naongea kama mtu niliyekua pale, hosteli nzima tulikua tunacheka. Euro 2016 walishika mkia kwenye kundi, 2017 Kombe la Mabara nyumbani kwao wakawafunga New Zealand tu, wakafungwa na Ureno na Mexico wakatoka. Kabla ya Kombe la Dunia walicheza mechi saba bila kushinda hata moja. Kwenye orodha ya FIFA walikua wa 70, timu ya chini kuliko zote 32 zilizofuzu. Mtangazaji wa TV Ivan Urgant akaanzisha mzaha watu wajibandike masharubu ya Cherchesov, eti masharubu ya matumaini, kwasababu kingine cha kutumaini hakikuwepo. Mabeki wawili muhimu, Vasin na Dzhikiya, wameumia goti. Straika Kokorin kaumia goti. Cherchesov akaenda kumwomba Sergei Ignashevich, ana miaka 38 na ameshaaga timu ya taifa, arudi. Denisov aliyekua bingwa na Lokomotiv mwaka huohuo hakumwita, ugomvi ni ugomvi.

Na golini? Hapo ndo patamu.

Igor Akinfeev. Kipa wa CSKA, kipaji kikubwa, lakini ana majeraha ya roho. 2014 kule Brazil alitema shuti laini la Mkorea likaingia ndani, dunia nzima ikacheka. Ligi ya Mabingwa alicheza zaidi ya mechi 40 mfululizo bila kumaliza hata moja bila kufungwa, miaka kumi na moja, rekodi mbaya kweli. 2017 dhidi ya Mexico akatoka golini hovyo, Lozano akamuwahi kwa kichwa, wakatolewa. Magazeti yote: mtoe. Mashabiki: mtoe. Kocha mwingine yeyote angemtoa ili apate kupumua. Cherchesov akamwacha, akambakiza unahodha vilevile. Na kocha wake wa makipa alikua nani? Gintaras Staučė, Mlithuania, ambaye mwanzoni mwa miaka ya tisini pale Spartak alikua anakaa benchi nyuma ya Cherchesov! Yani unaona hilo benchi la ufundi, kipa aliyekaa nyuma ya Dasaev, na kipa aliyekaa nyuma ya huyo aliyekaa nyuma ya Dasaev, wawili wanaamua hatma ya kipa aliyechekwa na dunia. Hakuna watu wengine duniani waliokua na haki zaidi ya kuliamua hilo.

Mashindano yenyewe mnayajua. Saudi Arabia 5-0 tarehe 14 Juni, Golovin moto, Cheryshev katokea benchi baada ya Dzagoev kuumia akafunga mawili, Dzyuba naye katokea benchi akafunga. Egypt ya Salah 3-1. Uruguay wakawapiga wao tatu. Moscow yote ikabadilika ghafla, watu ambao hata salamu walikua hawaitikii sasa wanakukumbatia mtaani, usiku mtaa wa Nikolskaya hapapitiki, mi na majamaa wa Nigeria na Senegal tulikua tunaimba nyimbo za Kirusi nusu hatuelewi.

Halafu Hispania, tarehe 1 Julai, Luzhniki.

Ile mechi niliitazama Fan Fest kule juu Vorobyovy Gory, uwanja wenyewe unauona ng'ambo ya mto. Watu wengi wanaisema kama mechi ya kuchosha kuliko zote, Hispania pasi zaidi ya 1,000, Urusi wamepaki basi. Mi kama kipa niliiona mechi nzuri ajabu. Tazama alichofanya: Cheryshev ana goli tatu kwenye mashindano, kamweka benchi. Kaweka mabeki watano nyuma. Miezi michache nyuma, Novemba 2017, walicheza na hawahawa Hispania kirafiki wakafunguka ikaisha 3-3, kwahiyo anajua wakifunguka kitakachotokea. Dakika ya 12 tu Ignashevich anajifunga kwa kisigino wakivutana na Ramos. Timu nyingi hapo zinaacha mpango, zinapanda. Wao hawakuacha. Dakika ya 41 kona, mpira mkono wa Piqué, penati, Dzyuba, 1-1. Baada ya hapo ni kusubiri, dakika 120.

Kocha aliyekua straika hawezi kupanga mechi ile, nawaambia ukweli. Straika akikaa dakika kumi bila mpira anaumwa. Kipa yeye maisha yake yote ni kutokua na mpira. Kwa kipa kutokua na mpira sio kushindwa, ni kazi, kitu kinachomtisha sio pasi elfu ila ni ile moja inayopita katikati ya mabeki, kwahiyo akipewa timu mbovu na mpinzani mzuri hajisikii aibu kusema chukueni mpira, pasianeni hapo mbele yetu mpaka jua lizame. Na mwisho wa mechi ya namna hiyo kuna nini? Kuna matuta. Mechi imepelekwa makusudi mpaka mahali ambapo mtu mmoja tu ndo ana mamlaka, na huyo mtu ni kipa uliyekataa kumtoa.

Akinfeev akampangua Koke. Kisha Aspas anapiga, Akinfeev ameshaanguka upande wa kulia kwake, mpira unakuja katikati, mguu wa kushoto umebaki juu, ukaupiga mpira ukaruka pembeni. Mguu! Mechi 40 na kitu za Ligi ya Mabingwa, shuti la Mkorea, kichwa cha Lozano, yote yakafutwa na kiatu. Watu walilia pale. Mi mwenyewe sio Mrusi na nililia.

Robo fainali Croatia, Sochi, tarehe 7, Cheryshev akapiga lile goli la mbali la kona ya juu, Kramarić akasawazisha, dakika za nyongeza Vida kafunga, Mario Fernandes kasawazisha dakika ya 115, matuta tena. Hapo Akinfeev akadaka ya Kovačić, na ya Modrić aliigusa ikagonga mwamba ikaingia, sentimita tu. Smolov na Fernandes wakakosa. Basi. Fernandes aliyewaokoa ndo aliyepiga nje, lakini mpira ndo huo.

Ingekua hadithi ya sinema ingeishia hapo, ila nina swali ambalo mpaka leo linanisumbua. Akinfeev aliaga timu ya taifa mwaka huohuo. Ikaja Euro 2020 iliyochezwa 2021, mechi ya kwanza na Ubelgiji golini yupo Anton Shunin wa Dynamo Moscow, miaka 34, kasubiri maisha yake yote nafasi ile, Akinfeev yupo mbele yake miaka na miaka. Krosi inakuja, Shunin anapangua vibaya mpira unamkuta Meunier, goli, ikaisha 3-0. Mechi iliyofuata na Finland Shunin nje. Akawekwa Matvei Safonov, kijana wa miaka 22, wakashinda 1-0, kisha Denmark wakawapiga 4-1, wakatoka, na Julai Cherchesov akafukuzwa.

Yani mtu aliyetolewa golini Euro 1996 baada ya kosa moja, Euro ya kwake kama kocha akafanya vilevile kwa kipa mwingine wa benchi. Na ni huyohuyo aliyemvumilia Akinfeev. Nimejaribu kumtetea: labda Safonov kweli alikua bora, na baadae tumemwona kachukuliwa na PSG kwahiyo jicho la kocha halikua bovu. Labda Akinfeev alikua na heshima ya miaka kumi na tano inayombeba na Shunin hakua nayo. Lakini hapo ndo penyewe, kipa wa akiba siku zote hana hiyo akiba ya heshima, namba moja anaruhusiwa makosa kumi, namba mbili anaruhusiwa moja, na nilitegemea Cherchesov kuliko kocha yeyote duniani angelijua hilo. Labda alilijua sana ndo maana. Wapo watu waliopita kwenye shida wakatoka na huruma, na wapo waliotoka wakisema mbona mimi nilivumilia. Nadhani yeye alikua na zote mbili na inategemea umemkuta siku gani.

Huku kwangu hilo la Shunin limebadilisha kabisa ninavyofanya kazi. Kipa wangu akipewa mechi simpi moja, nampa kadhaa tumeshakubaliana kabla, mbele ya mwenzake, na akitema mpira wa kizembe dakika ya tatu bado mechi ijayo ni yake. Sio kwamba mi mpole. Ni kwamba kipa anayejua akikosea anatolewa anaacha kutoka golini, krosi haendi, anaganda kwenye mstari anaomba Mungu mabeki waondoe, na kipa wa hivo atakufungisha magoli mengi zaidi ya yule jasiri anayekosea mara moja moja. Kitu kingine, baada ya mechi aliyofungwa kizembe simwongeleshi kuhusu goli lile siku hiyo. Namwambia tu "Kesho saa kumi." Kesho yake tunapiga krosi zilezile mpaka giza, halafu ndo tunaongea, na mara nyingi anaanza yeye mwenyewe.

Na yule wa akiba nampa kazi ya kuandika. Anakaa na daftari benchi, anaandika straika wao anapenda mguu gani, kona zao zinalenga mlingoti upi, beki wetu yupi anachoka dakika ya sitini. Mapumziko anamsomea namba moja. Mwanzo walikua wananicheka, eti mwalimu katuletea darasa, sasa hivi wananyang'anyana daftari. Sijawahi kusikia kama Cherchesov alifanya hivo nyuma ya Dasaev, hilo nimelitoa kichwani mwangu, ila miaka yote ile akimtazama Dasaev lazima alikua anaandika kitu mahali, hata kama ni kichwani.

Yeye mwenyewe aliendelea. Ferencváros ya Hungary, Desemba 2021, ubingwa mara mbili, 2022 na 2023, Europa League wakaongoza kundi lenye Monaco. Halafu Julai 2023 wakafungwa 3-0 nyumbani Budapest na KÍ Klaksvík, timu ya Visiwa vya Faroe, mji wa watu elfu tano hivi, akafukuzwa palepale na msimu haujaanza vizuri. Kazakhstan 2024 nako hakukaa. Mtu wa milimani, anaanguka anapanda.

Timu yetu nayo juzi imefungwa 2-0, la pili kijana kajifungia mwenyewe kwa ngumi, krosi nyepesi tu ya kudaka. Kocha mkuu anataka kumbadilisha Jumamosi. Mi nimesema haiwezekani, tulimuahidi mechi tatu na hii ilikua ya pili. Amesema yeye ndo kocha mkuu. Nikamwambia sawa mwalimu, basi kamwambie wewe mwenyewe, mi simwambii. Mpaka muda huu hajamwambia.